Faili Lililorudi Kila Asubuhi

Saa mbili na nusu asubuhi kompyuta kumi na moja ziligoma kufungua kazi. Kabla ya saa nne, msichana msimamizi wa mitambo alikuwa ameshatiwa pingu.

Inspekta alifika akitarajia mlango uliovunjwa. Hakukuta hata mkwaruzo. Faili moja tu lilikuwa limefutwa kwenye seva, pamoja na nakala zake za akiba.

"Faili moja linafungaje ofisi nzima?" aliuliza. Hata simu yake mwenyewe ilikuwa ikimpiga chenga.

"Ni maktaba ya pamoja, afande," alijibu mkurugenzi, mwanamama aliyevimba macho. "Tunatengeneza michezo ya kompyuta. Kila mhariri ana programu yake ya kuunganisha picha na sauti, ila zote zinategemea faili hilo. Bila hilo haifunguki hata moja. Na keshokutwa tunakabidhi kazi ya miaka miwili!"

"Neno la siri la seva analo nani?"

"Msimamizi peke yake."

Ushahidi ulikuwa umenyooka, na Inspekta hakuupenda ushahidi ulionyooka mno. Isitoshe, yule msichana alikuwa kituoni akilia na kuapa kwamba hajui lolote. Akifikishwa mahakamani kwa kosa hilo, nani angempa tena kazi?

Mtaalamu wa uchunguzi alipekua kumbukumbu za mashine zote mpaka saa nane mchana, kisha akamvuta Inspekta pembeni.

"Kuna kompyuta moja ina vituko, afande. Mwenyewe amelifuta faili hilo mara thelathini na nane. Kila akiingia kazini."

"Likawa linarudi?"

"Lazima lirudi. Kila mashine ikiwashwa hulichota upya kwenye seva. Kulifuta kwenye mashine yako peke yake ni kazi bure."

Kompyuta ilikuwa ya yule waliyemwita Mwalimu, kwa kuwa ndiye aliyelitunga faili lenyewe na kuwafundisha wenzake wote. Inspekta alimwonyesha mkurugenzi tarehe ya mara ya kwanza lilipofutwa.

"Siku hii kulitokea nini?"

Mkurugenzi aliitazama tarehe. "Ndiyo siku aliyorudi kutoka msibani. Alifiwa na bintiye wa pekee. Miaka sita tu."

"Na faili hilo lina nini ndani?"

"Mambo mengi. Mwendo, mwanga... Halafu ukihifadhi kazi, linatoa kicheko cha mtoto. Tunakipenda sana. Mwalimu alisema alikiokota kwenye mkusanyo wa sauti."

Inspekta aliomba apelekwe kwa Mwalimu.

Walimkuta Mwalimu chumba cha mikutano, amekaa peke yake. Hakushtuka.

"Kicheko ni cha nani, Mwalimu?"

"Cha mwanangu." Alijifuta uso kwa kiganja. "Nilikuwa namtekenya, nikarekodi. Niliona haya kuwaambia wenzangu nimeingiza mtoto kazini, nikadanganya."

"Neno la siri ulilipata wapi?"

"Msimamizi alinipa mwenyewe mwaka juzi, akasahau. Aliniamini. Nimemponza."

"Si ungewaomba tu wakiondoe kicheko hicho?"

"Niwaombe wamnyamazishe mwanangu? Kwa mdomo wangu huu? Afande, alikuwa akicheka kila chumba, kutwa nzima, na mimi ndiye niliyemfukia."

"Basi ungekiondoa wewe, faili ukaliacha."

"Kukiondoa ni lazima nikisikilize. Nijue kinaanzia wapi, kinaishia wapi. Nilishindwa. Ndipo nikafuta vyote." Alitoa flashi mfukoni. "Nimebakiza nakala hii. Nayo nilishindwa kuifuta."

Inspekta alipiga simu kituoni msichana aachiwe mara moja. Mkurugenzi, kwa machozi, alisema hana kesi na mtu. Anachotaka ni faili lake tu.

"Keti ukiondoe kicheko," Inspekta alimwambia Mwalimu. "Mimi nipo hapa."

Mwalimu alichomeka flashi. Kicheko kile walichokizoea wenzake kilikuwa mwanzo tu. Rekodi yenyewe iliendelea. Mtoto alicheka mpaka pumzi zikamwishia, akapiga kelele, "Basi, baba! Basi!" Pakawa kimya kidogo. Kisha akasema taratibu, "Tena."

Mwalimu akarudisha mwanzo. Akarudisha tena, na tena, na Inspekta hakumharakisha.

Mwishowe aliweka alama mahali pa kuanzia, akaweka na ya kuishia, akafuta. Alipobonyeza kuhifadhi, mashine haikutoa sauti. Mwalimu akalaza kichwa mezani akalia.