Namche na Maji ya Rangi ya Chai

Aliyeisimulia hadithi hii kwanza ni Bibi Nakiete. Aliisimulia mwaka ule maharage yalipozaa sana, watoto wakiwa wamekaa chini wanayachambua. Sasa ni zamu yenu kuisikia.

Palikuwa na mtoto mmoja, Namche. Alikuwa na miaka sita. Wengine husema saba, lakini saba aliifikisha baadaye, wakati wa mavuno.

Namche aliishi mlimani, Upareni, nyumbani kwa bibi yake, huyo huyo Bibi Nakiete. Juu ya nyumba ile palikuwa na ndiva.

Ndiva ni bwawa dogo. Ukuta wake ni wa mawe na udongo. Usiku maji ya kijito huingia, huingia, huingia, mpaka ndiva hujaa.

Asubuhi kizibo huvutwa. Maji hushuka mferejini, kwenda kunywesha mahindi na maharage.

Mtunza ndiva alikuwa Mjomba Eliapenda. Kila siku, kabla ya kuvuta kizibo, alipuliza baragumu.

Puuuuu!

Maana yake: Tokeni mferejini! Maji yanakuja!

Namche alipenda kuuliza. Aliwauliza kuku. Aliyauliza mawe. Aliiuliza hata sufuria.

Kwanza alitega sikio. Kisha aliinamisha kichwa. Halafu aliuliza, "Mbona hivi?"

"Mtoto huyu," alisema Mjomba, "siku moja atauliza swali mpaka swali lenyewe likimbie!"

Ikafika Jumamosi. Jumamosi ni Sabato, na siku ya Sabato ndiva haifunguliwi. Maji yanalala, halafu yanalala tena.

Na usiku wa kuamkia siku hiyo mvua ilikuwa imenyesha. Ndiva ilijaa mpaka ukingoni.

Mama alikwenda kanisani. Mjomba alikwenda kanisani. Majirani wote walikwenda kanisani, ng'ambo ya bonde.

Bibi Nakiete hakwenda. Alikuwa ameteleza akaumia mguu, na mguu ulifungwa vijiti. Hakuweza kutembea, akakaa mlangoni juu ya kigoda.

Namche alibaki amsaidie. Na mdogo wake, Kiure, alibaki amelala mkekani, kando ya Bibi. Fuu, fuu, fuu.

Namche alikuwa nyuma ya jiko. Akasikia kitu.

Tii, tii, tii.

Akatega sikio. Akainamisha kichwa. "Mbona hivi?"

Akaifuata sauti. Akapita migomba. Akafika kwenye ukuta wa ndiva.

Maji yalitoka ukutani, membamba kama uzi. Yalikuwa meupe, safi. Tii, tii, tii.

"Bibi! Ukuta unatoa maji!"

"Ni jasho tu, mjukuu wangu," alisema Bibi. "Ndiva ikijaa hutoa jasho. Hata mimi nikila ugali mwingi hutoa jasho."

Namche akacheka. Akarudi kucheza.

Lakini sauti ikabadilika.

Chuu, chuu, chuu.

Namche akatega sikio. Akainamisha kichwa. "Mbona hivi?"

Akaenda kuangalia. Maji hayakuwa membamba kama uzi tena. Yalikuwa manene kama kidole gumba.

Na hayakuwa meupe. Yalikuwa na rangi ya chai ya maziwa.

"Bibi! Jasho la ndiva limekuwa chai!"

Bibi hakutania safari hii.

"Chukua bakuli," alisema. "Niletee maji hayo niyaone."

Namche akaleta bakuli. Bibi akaliweka chini. Wakatazama, wakangoja.

Taratibu maji yakawa meupe. Na chini ya bakuli ukabaki udongo.

Namche akaugusa kwa kidole. "Udongo umetoka wapi?"

"Umetoka ndani ya ukuta," alisema Bibi. "Maji yanaula ukuta, Namche. Yanaula kutoka ndani."

"Yakiumaliza?"

Bibi akaitazama nyumba. Akamtazama Kiure, amelala. Fuu, fuu, fuu.

"Ndiva yote itashuka hapa," alisema. "Tusiache yaumalize."

Namche akakimbia ukutani. Akasokota majani, akayasukuma kwenye tundu.

Pu! Maji yakayatema.

Akachukua kipande cha mgomba. Akakisukuma kwa mikono miwili.

Pu! Maji yakakitema nacho.

"Acha hiyo!" Bibi aliita kutoka mlangoni. "Tundu halizibwi maji yakiwa juu. Ni kizibo kivutwe, maji yaondoke. Na kizibo ni kizito, huwezi. Niletee baragumu ya mjomba wako, tuwaite watu!"

Namche akasimama. Baragumu ya Mjomba haiguswi na mtu. Hata Mama haigusi. Hata vumbi lake Mjomba hulifuta mwenyewe.

"Baragumu ya Mjomba?"

"Leo iguse," alisema Bibi.

Ilikuwa pembe ndefu ya tandala, imepinda kama njia ya mlimani. Namche akaingia ndani, akaitungua, akapuliza.

Fuuuf.

Akapuliza tena, mpaka mashavu yakauma.

Fuuuf.

"Nipe mimi," alisema Bibi. Naye akapuliza.

Fyuuuf. Fyo.

"Ah! Meno yangu yamekwenda na pumzi yangu," alisema Bibi. "Namche, sikiliza. Nenda nayo kanisani. Mpe mjomba wako mkononi."

"Na wewe? Na Kiure?"

Bibi akamchukua Kiure, akamfunga mgongoni kwa kanga. Kiure hakuamka.

"Sisi tupo," alisema Bibi. "Kimbia."

Pata, pata, pata! Namche akashuka bondeni.

Pata, pata, pata! Akavuka kijito. Baragumu ilimgonga magotini. Akaiweka begani kama jembe.

Nyuma yake, kwa mbali, akasikia sauti mpya.

Gho, gho, gho.

Kimbia, Namche, kimbia!

Akaupanda mlima. Akateleza. Akaanguka kwenye tope kwa gauni lake la Sabato. Akaiangalia baragumu kwanza. Nzima! Akasimama.

Pata, pata, pata!

Kanisani kwaya ilikuwa ikiimba. Mlangoni alisimama shemasi, Mama Naghenjwa, kwa kitambaa cheupe kichwani.

"Shhh! Umetoka wapi na tope lote hilo? Watoto wanakaa kule."

"Namtaka Mjomba."

"Mjomba wako anaimba. Subiri wimbo uishe."

"Una beti ngapi?"

"Shhh!"

Namche hakusubiri. Akapita chini ya mkono wa Mama Naghenjwa. Akapita katikati ya madawati. Tope, tope, tope, sakafuni.

Watu wakageuka. Mama, aliyekuwa akiimba sauti ya kwanza, akakodoa macho. Lakini hakuacha kuimba.

Mjomba Eliapenda alikuwa nyuma, kwenye besi. Shati lake lilikuwa jeupe pe. Namche akalivuta.

"Mjomba! Ndiva inavuja!"

Mjomba akainama kidogo. "Ndiva zote huvuja, mama," alinong'ona. Kisha akarudi kuimba. "Mmmmm..."

Namche akavuta tena. "Inavuja sana!"

"Mvua ilikuwa kubwa. Mmmmm..."

Namche akavuta mpaka kifungo kikaruka.

"Mjomba! Maji yana rangi ya chai ya maziwa!"

Besi ikanyamaza.

Kwaya nzima ikayumba kama meza iliyokatika mguu.

"Umeyaona wewe mwenyewe?" aliuliza Mjomba, kwa sauti kubwa sasa.

"Tuliyaweka kwenye bakuli. Udongo ulibaki chini. Bibi amesema maji yanaula ukuta. Nimekuletea hii."

Mjomba akaitazama baragumu. Hakuuliza nani ameigusa. Akaichukua, akatoka nje, akajaza kifua.

Puuuuuuuuu!

Baragumu, siku ya Sabato! Haikuwahi kusikika. Watu wote wakatoka. Ng'ambo ya bonde, hata mbuzi waliokuwa wakinywa mferejini wakaruka wakakimbia.

"Ukuta wa ndiva!" alisema Mjomba. "Mama yangu yuko chini yake!"

Wakakimbia wote. Mashati meupe, kofia za maua, viatu mkononi. Mchungaji alikimbia na koti begani. Na Namche mbele.

Pata, pata, pata, pata, pata!

Walipofika, tundu lilikuwa pana kama sufuria.

Gho, gho, gho! Jiwe moja likatoka ukutani, likabingirika hadi mlangoni kwa Bibi.

Bibi alikuwa amekaa pale pale, Kiure mgongoni.

"Mlikuwa mnamalizia ubeti?" aliuliza.

Mama akamfungua Kiure, akamkumbatia. Wanaume wawili wakambeba Bibi na kigoda chake.

"Taratibu!" alisema Bibi. "Mimi si gunia la mahindi!"

Wakampandisha kwenye kichuguu, mbali na ukuta.

Kule juu, Mjomba alishika kizibo. Kilikuwa gogo refu, limesimama majini. Akavuta. Hakikutoka. Mchungaji akavuta naye. Hakikutoka.

Namche akatega sikio. Akainamisha kichwa. "Mbona hivi?"

"Kimelala majini muda mrefu," alisema Mjomba, akihema. "Kimevimba."

Gho, gho, gho! Jiwe la pili likaanguka.

"Kamba!" aliita Mjomba. "Kwaya, njooni!"

Kamba ikafungwa kwenye kizibo. Kwaya ikashika kamba. Mwalimu wa kwaya akainua mkono, kama anavyofanya siku zote.

"Kwa pamoja! Sauti ya kwanza, shikeni vizuri! Besi, msichelewe! Moja, mbili, tatu!"

"Haaaya!"

Kizibo kikalia: Kwiii.

"Tena!"

"Haaaaaaya!"

Po!

Kizibo kikatoka. Kwaya nzima ikakaa matopeni.

Ghwaaaaa! Maji yakashuka mferejini, yakapita kando ya nyumba, yakaenda zake kwenye maharage.

Ndiva ikaanza kushuka. Namche akatega sikio.

Gho, gho, gho.

Chuu, chuu, chuu.

Tii, tii.

Tii.

Kimya.

"Imenyamaza," alisema Namche.

Mjomba akakaa juu ya jiwe. Shati lake halikuwa jeupe tena. Akafuta uso, akaufuta tena, ingawa ulikuwa umekwisha kauka.

Ndani ya tundu kitu kikatikisika. Wote wakainama.

Akatoka kaa. Kaa wa mtoni, mdogo, mwenye tope kwenye magando. Akatembea upande, upande, upande.

"Ni wewe!" alisema Mama Naghenjwa. "Ni wewe uliyetutobolea ukuta!"

"Mbona alitoboa?" aliuliza Namche.

"Alitaka nyumba," alisema Mjomba.

"Hakujua kwamba ni ukuta wetu?"

"Hakuuliza," alisema Mjomba.

Namche akamfikiria sana kaa yule. Kisha akamsukuma kwa kijiti, polepole, mpaka kijitoni.

Jioni Mama alimwogesha Namche. Tope lilitoka masikioni, lilitoka hata puani. Bibi akarudishwa kitandani, na Namche akalala ubavuni mwake, upande wa mguu mzima.

"Bibi, kesho watu watakuja?"

"Watakuja na majembe. Watajenga ukuta mnene zaidi."

"Na mawe yatatoka wapi?"

"Yataokotwa mtoni."

"Na mtoni yalifikaje?"

Bibi akapiga miayo. "Hilo sijui."

"Hata wewe?"

"Hata mimi."

Namche akafurahi. Swali ambalo hata Bibi hakulijua! Akalifikiria, akalifikiria, akalala nalo.

Bibi Nakiete alifariki akiwa mzee sana, mguu wake ukiwa umepona zamani. Mjomba Eliapenda naye amefariki, na Mchungaji pia. Mwalimu wa kwaya alihamia Tanga, na habari zake hatuna. Mama Naghenjwa yupo, ingawa haoni vizuri. Mama yake Namche yupo. Kiure yupo, anaishi Same. Na Namche yupo. Ni bibi sasa, na wajukuu wake ndio wanaochambua maharage.