Kazi Ilikuwa ya Masika

Mimi ni Kambere. Ninauza maharagi hapa mutaa wa Mapendo, tena ni mukubwa wa shirika letu la kusali. Jirani yangu Masika anafanya kazi ya leta, ni kusema serikali: anaandikisha watoto wanaozaliwa. Hasumbui mutu, hachelewi. Watu wanamupenda.

Siku moja akapata barua. Amefukuzwa kazi, ati alikosa kazini siku kumi bila ruhusa. Akanionyesha mimi peke yangu, akilia.

"Papa Kambere, nilikuwa Vitshumbi. Bwana wangu alioa mwanamuke mwingine kule. Nilienda kumurudisha. Usimwambie mutu."

"Usiogope, mama. Niachie mimi. Ningoje tu."

Niachie mimi! Jumapili, kisha misa, nikasimama mbele ya shirika, nikasoma kwa sauti barua yake aliyoniachia. Na ili watu watie sahihi haraka kwenye mashitaki niliyoandika, nikaongeza habari ya Vitshumbi. Wamama wakashika midomo. Watu sitini wakatia sahihi. Nikayapeleka tribinali, kwa mahakimu, kwa jina la watu wa Mapendo. Nilijiona mutu mukubwa kweli.

Wiki nyingi zikapita. Tribinali ikakataa. Nikakimbia kwa Mama Jeanine, avoka anayetetea watu tribinali, anakaa nyuma yetu.

"Barua ya kufukuza iliandikwa jina la nani?" akauliza.

"La Masika."

"Basi mwenye kulalamika ni Masika. Maji yakikosekana katika mutaa muzima, hapo munaweza kutafuta njia ya kulalamika pamoja. Lakini hii ni kazi ya mutu mumoja na leta. Atalalamika yeye, ao mutu ambaye yeye amemupa ruhusa kwa maandishi. Kumupenda si ruhusa. Na yeye mwenyewe ameandika nini?"

"Hajaandika. Nilimwambia aningoje."

Mama Jeanine akauliza tarehe ya barua, akapiga makofi. "Yesu! Papa, kuna siku zilizowekwa! Kwanza anaandikia wakubwa waliomufukuza, anabakia na kopi yenye muhuri. Wakikataa ao wakinyamaza, ndipo anaenda tribinali. Zimebaki siku sita tu!"

Nilisikia haya, haki ya Mungu. Uso wangu nitauweka wapi? Nikaenda kwa Masika. Alikuwa anaosha vyombo. Nikamwambia yote, hata habari ya Vitshumbi.

Akapangusa mikono.

"Ndiyo sababu wamama wananiangalia vile sokoni," akasema. "Kitanda usicholalia haujui kunguni wake, Papa. Wewe umewaonyesha watu kunguni wangu."

"Nisamehe."

"Hiyo tutaona. Sasa nipeleke kwa huyo avoka."

Akaandika mwenyewe. Kumbe mbele ya kwenda Vitshumbi alimwachia mukubwa wake barua ya kuomba ruhusa, na kopi alikuwa nayo, yenye muhuri. Mimi sikujua. Sikumuuliza hata neno moja. Akapeleka malalamiko yake kwa wakubwa siku ya ine ya zile sita. Kisha miezi miwili wakubwa wakafuta ile barua ya kumufukuza, naye akarudi kazini.

Jana nilienda pale kuandikisha mujukuu wangu. Nilikaa mustari kama wengine, kichwa chini.

"Jina la mutoto?" Masika akauliza.

"Jephté."

"Mama yake analijua hilo jina?"

"Sijamuuliza," nikasema. Watu nyuma yangu wakaanza kucheka.

Masika akaweka kalamu chini. "Nenda umuulize, Papa. Nitakungoja."