Bata wa Mvule

Hiace nyeupe ilikata kona ya Wandegeya bila kuonyesha ishara.

Nuriat aliinamisha pikipiki, akapenya katikati ya taksi mbili zilizokuwa zikigombea abiria. Kondakta mmoja akamtukana. Hakugeuka.

"Nyuki, uko wapi?" Sauti ya Okullo, mkuu wake, ilikwaruza sikioni.

"Nyuma yake, Afande. Inashuka Nakivubo."

"Ndege ya mizigo inaruka saa kumi na moja. Una uhakika na hii kitu?"

"Ninao, Afande."

"Kwa sababu ya bata?"

"Kwa sababu ya bata."

Asubuhi ile Okullo alikuwa amemtumia picha ya cheti kimoja. Bata mia wa mbao walikuwa wanasafirishwa kutoka Kampala. Karatasi zilisema ni kazi za kale za wawindaji wa Marekani, zinarudishwa kwao baada ya maonyesho. Kila bata alikuwa na cheti cha uhalisi, kimeandikwa kwa mkono na Daktari Séraphine Mugisho.

Nuriat aliujua mwandiko ule. Kwa miaka miwili alikuwa amekaa dawati la mbele katika darasa la jioni la daktari huyo, kamusi ikiwa magotini, mtu mzima akijifunza mambo ambayo wengine walijifunza ujanani. Séraphine, mzaliwa wa Bukavu, alikuwa ametumia nusu ya maisha yake kuandika juu ya wachoraji wa Marekani na sanaa ya watu wake wa kawaida: wachoraji waliozunguka mashambani wakichora watoto wa wakulima kwa malipo ya chakula na malazi, akina mama walioshona mablanketi ya viraka, wawindaji waliochonga bata ili kuwavuta bata wa kweli. Siku ya kwanza alisema kwamba kawa, vifuniko vya chakula wanavyosuka wanawake wa Kinubi, vinastahili kukaa meza moja na mablanketi yale. Mama yake Nuriat alikuwa msukaji wa kawa. Usiku ule Nuriat alimshukuru Mungu kwa machozi.

Sasa ilikuwa siku ya sita mwalimu haonekani.

Na cheti kilisema: *Amechongwa kwa mvule, mti wa pwani ya Marekani.*

Mvule!

Mti wa Busoga, mzito kama dhambi. Mwalimu hakuweza kukosea hivyo. Alikuwa ameandika kurasa na kurasa kwamba bata wa mwindaji ni wa mwerezi mwepesi, kwa kuwa mtu alibeba makumi yao mgongoni, na kwa kuwa kazi yao ilikuwa moja tu: kuelea. Yeyote aliyemsimamia asingeliona kosa. Mwanafunzi wake angeliona.

Mwalimu alikuwa hai, na alikuwa anaita.

Hiace ilisimama nyuma ya ghala lenye mlango wa buluu. Dereva akashusha bahasha ya nakala za vyeti, ambayo Nuriat alikuwa ameifuata tangu duka la uchapaji, akaondoka. Watu wa Okullo wangemdaka mbele.

Nuriat akavaa koti la kijani la mkaguzi. Kitambulisho bandia kifuani. Kalamu ya gesi mfukoni. Glock 19 kiunoni.

*Bismillahi.*

"Wewe mama, simama hapo!" Mlinzi alikuwa mrefu, sauti yake ya kambini. Kwenye shati palishonwa jina: Odyek. "Unatafuta nani?"

"Mkaguzi. Mbao zinazotoka nje ni lazima ziangaliwe kama zina wadudu, fukusi."

"Hakuna fukusi hapa."

"Basi ndege iende bila muhuri wangu, ssebo. Bosi wako utamweleza wewe."

Odyek alikuna kidevu. Akafungua.

Harufu ilimpokea kwanza. Mtu alikuwa amepulizia manukato mengi, lakini chini yake kulikuwa na uvundo, kama wa bucha lililofungwa wiki nzima.

Katikati ya masanduku alikaa Mzungu mnene mwenye suti ya kitani, anakula kuku kwa mikono, kisu kando ya sahani. Dressler. Idara ilikuwa imemtafuta nchi tatu. Alipomaliza paja, alichomoa karatasi kutoka kwenye rundo pembeni, akajifuta mafuta vidoleni, akaifinyanga na kuitupa sakafuni.

Nuriat aliitazama karatasi ile. Mwandiko wa mwalimu. Mistari ya miaka, imegeuzwa kitambaa cha mafuta ya kuku.

Akageuza uso. Akavuta sanduku la kwanza.

"Fanya haraka, mama," Dressler alisema, Kiswahili chake laini. "Hawa ni wazee wa miaka mia na hamsini. Waheshimu."

"Nahitaji beseni la maji. Mbao yenye fukusi hutoa mapovu."

Dressler alicheka. "Mletee! Hata sabuni kama anataka."

Odyek akaleta beseni. Nuriat akachukua bata wa kwanza. Rangi nzuri, mabawa mazuri. Mzito mno.

Akamweka majini.

Bata akazama.

"Umeona?" Dressler alisema. "Hakuna povu."

"Nimeona." Nuriat alimtoa bata akichuruzika. "Mwindaji gani anatega kwa bata anayezama?"

Kicheko kikafa.

Odyek alipeleka mkono kwenye bastola. Kalamu ikafyatuka. Gesi ikamjaa machoni, akaanguka magoti akilia kwa Kilango, lugha ya kwao. Dressler aliruka kuelekea ngazi, kisu cha kuku mkononi.

"Ashuke huyo daktari wa vyeti!" alipiga kelele. "Ashuke nimmalize!"

Nuriat akamrusha bata.

Alimpata gotini. Dressler akaanguka kama gunia, bata akapasuka sakafuni. Vipande vya pembe za ndovu vikatawanyika, vibichi, vingine bado na nyama iliyooza kwenye shina.

Nuriat akaukanyaga mkono wenye kisu. Glock ikatazama uso wa Dressler.

"Nilimwambia aandike mti mzito tu," Dressler alinong'ona.

"Akakuandikia."

Pingu zikalia. "Afande, ingieni. Leteni barakoa."

Juu, katika chumba kisicho na dirisha, mwanamke mwembamba alikaa mbele ya meza, kalamu mkononi. Cheti kimoja kilikuwa mbele yake, hakina sahihi.

"Nuriat?" Aliweka kalamu chini. "Aksanti Mungu. Ulisoma mvule?"

"Nilisoma, Mwalimu."

"Wenzako walikuwa wanasinzia somo lile." Alicheka, kisha akafunika uso. "Waliniambia nikitia sahihi ya mia, nimemaliza kazi. Nilijua maana yake. Tangu asubuhi nimeomba, nimekaa na hiki kimoja. Tisini na tisa za uongo, binti yangu. Jina langu linanuka kama kule chini."

Nuriat alitoa kotini mwake kijitabu kilichochakaa, maandishi ya mwalimu yaliyochapwa kwa bei nafuu pale Wandegeya. Akakifungua ukurasa wa kwanza.

"Ya mia itie hapa."

Séraphine akaichukua tena kalamu. Akatia sahihi, polepole, kila herufi.

Chini, Okullo alikuwa amefunga pua kwa leso. "Nyuki! Ripoti!"

"Saa ya Alasiri, Afande. Nikishaswali."

Alinawa mikono bombani mara tatu. Uvundo haukutoka wote. Akakaza kilemba, akatia kijitabu kifuani, akatembea kuelekea msikitini bila kugeuka.