Kengele ya Mvua na Chumvi ya Bibi

Kila asubuhi kabla ya shule, Alistidia na bibi yake, Vestina, walianika kahawa. Walitandaza turubai mbele ya nyumba yao huko Muleba, wakamwaga matunda ya kahawa na kuyasambaza kwa viganja mpaka yakalala safu moja. Kisha Alistidia alinawa, akala kiporo cha ndizi na maharage, akakimbilia darasani. Alikuwa darasa la sita.

Bibi alibaki akipalilia kibanja. Tatizo la shamba la migomba ni kwamba ukiwa ndani huoni mbingu, majani yamefunika kila kitu. Na mvua ya Muleba haina adabu, haibishi hodi. Mwaka uliopita ilimkuta Bibi chini kabisa, mpakani mwa shamba. Alipofika nyumbani akihema, kahawa ilikuwa inaelea. Iliota ukungu, ikatupwa yote shimoni. Bibi hakulia, lakini kwa wiki nzima hakuimba shambani, na Alistidia aliumia sana kumsikia amenyamaza.

Ndipo alipoanza kutengeneza kengele ya mvua. Alichukua kengele ya saa mbovu ya mezani, betri na nyaya mbili. Katikati ya ncha za nyaya aliweka kitambaa kikavu. Alisoma shuleni kwamba maji hupitisha umeme, kwa hiyo kitambaa kikilowa, kengele ingelia. Akakimwagia maji ya mvua kutoka kwenye pipa. Kimya. Akajaribu mara tano, na mara zote tano kengele ilimnunia.

Bibi alikuwa anapita na sufuria. Akasimama, akatazama, akasema, "Tia chumvi."

"Chumvi? Bibi, hii siyo mboga!"

"Mboga unaijua wewe? Chumvi yangu ya jikoni hulowa hata kabla sijaona wingu. Chumvi na maji ni ndugu, mmoja akija mwenzake hujua. Tia, waitu, mjukuu wangu."

Alistidia alilowesha kitambaa kwenye maji ya chumvi, akakikausha, akakirudisha mahali pake. Kesho yake mchana, tone la kwanza la mvua lilipoanguka, kengele ililia hadi kuku wa jirani wakatawanyika. Bibi alitoka mbio migombani, na mvua ilipopamba moto kahawa ilikuwa imeshaingia ndani, kavu. Jioni ile Bibi aliimba.

Mwalimu wa sayansi, Mwalimu Byarugaba, alipoiona kengele hiyo aliizunguka mara mbili, kisha akaleta fomu. Kitovu cha Lweru, kituo cha teknolojia cha Bukoba mjini ambacho watoto walikisikia redioni kila Jumamosi, kilikuwa na shindano. Mshindi angetembezwa kituoni yeye peke yake na mlezi wake, aonyeshwe kila chumba. Tena angepewa nafasi ya kwenda kujifunza humo kila likizo. Alistidia aliitaka nafasi hiyo kuliko kitu chochote alichowahi kukitaka.

"Jaza vizuri," Mwalimu alimwambia. "Majaji wanatafuta kazi ya mwanafunzi mwenyewe."

Swali la mwisho liliuliza: Nani alikusaidia, na alikusaidia nini? Alistidia alitafuna kalamu. Akiandika jina la Bibi, je, hawatasema kengele siyo yake? Tena Bibi mwenyewe hakuwahi kukaa darasani. Akaandika neno moja tu: Hakuna.

Mwalimu aliituma fomu Bukoba pamoja na kengele yenyewe, na wiki tatu baadaye barua ilifika. Alikuwa ameshinda.

Siku ya safari Bibi alivaa kitenge chake cha Krismasi. Alibeba kikapu kidogo chenye kahawa ya kutafuna, ile inayochemshwa na majani yenye harufu nzuri kisha ikakaushwa, ambayo Mhaya humpa mgeni kabla hata ya kumuuliza shida yake. Kwenye kona ya kikapu alikuwa ameweka pia kifuko cha kahawa ya mwaka huu, "ili waone kengele imelinda nini."

"Bibi, kule ni kompyuta tupu," Alistidia alisema kwa aibu kidogo. "Hawatafuni kahawa."

"Wana meno?"

"Wanayo."

"Basi watatafuna."

Getini mlinzi aliwapa daftari la wageni. Alistidia aliandika haraka: Alistidia na mlezi wake. Bibi alikuwa ameshanyoosha mkono kuipokea kalamu, lakini Alistidia alikuwa ameirudisha kwa mlinzi.

Aliyewapokea ni kijana mhandisi aliyeitwa Isaac. "Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwana wange. Shika hii." Isaac alichukua punje tatu za kahawa, akaanza kutafuna palepale. Alistidia alishusha pumzi.

Na kweli walionyeshwa kila chumba, bila kusukumana na mtu. Waliona mashine inayochapa vitu badala ya karatasi. Iliwachapia kijiko cha plastiki tabaka kwa tabaka, na Bibi akauliza kama inaweza kuchapa na ugali wenyewe. Waliona ndege ndogo isiyo na rubani, ambayo vijana wa pale walikuwa wakiijaribu ili siku moja ipeleke dawa kisiwani Bumbire. Alistidia alishika kalamu ya moto inayounganisha nyaya kwa risasi iliyoyeyushwa. Isaac alimwelekeza mara moja tu, naye akaunganisha waya wa kwanza bila kukosea.

"Huyu amezaliwa na kazi hii," Isaac alisema. Bibi alinyoosha shingo kama vile amesifiwa yeye.

Katika chumba cha nne, ndani ya sanduku la kioo, kulikuwa na kengele ya saa mbovu, betri na kitambaa. Ukutani juu yake palikuwa na kadi: Kengele ya Mvua. Mgunduzi: Alistidia, Muleba.

"Wamesemaje hapo?" Bibi aliuliza.

Alistidia alisoma kwa sauti, moyo ukimdunda kwa fahari. Bibi alipiga makofi, chumba kizima kikageuka. "Kasinge, mwana wange! Hongera!"

"Nina swali moja," Isaac alisema. "Hii chumvi. Mimi na wenzangu tuliizungumzia siku nzima. Maji ya mvua yana madini kidogo mno, peke yake yasingeweza kuliza kengele. Chumvi ndiyo siri ya kazi yote. Ulijuaje?"

"Nilisoma kwenye kitabu," Alistidia alijibu.

"Kitabu gani? Nikiandike hapo kwenye kadi."

"Nimesahau jina lake."

Bibi alikuwa amesikia kila neno. Aliacha kupiga makofi. Akamtazama mjukuu wake, akarekebisha kikapu mkononi, akatangulia mlangoni. Alistidia alitamani angegombezwa.

Chumba cha mwisho kilikuwa cha kahawa. Mkurugenzi wa kituo, Bi Klaudia, aliwasubiri humo na kifaa kipya, fahari ya kituo, cha kupima unyevu. Mbele yake palikuwa na gunia dogo la maganga, yaani kahawa iliyokaushwa pamoja na ganda lake. Alichomeka kifaa guniani, namba zikawaka za kijani.

"Imekauka," alisema. "Hii inaweza kwenda ghalani leo."

Bibi aliweka kikapu chini. Alichota maganga kiganjani, akafumba macho, akayatikisa karibu na sikio. Akatikisa tena.

"Bado," alisema.

Isaac alitabasamu. "Bibi, kifaa kimeshapima."

"Kimepima. Hakijasikia. Kahawa ikikauka, punje hucheza ndani ya ganda lake, inalia kama njuga. Hii imeshikamana." Akatoa kile kifuko chake cha nyumbani, akamtikisia sikioni. "Sikiliza hii. Haya, sasa hiyo yenu."

Isaac alisikiliza. Tabasamu likaisha. Bi Klaudia alipasua ganda la kahawa ya gunia, akatoa punje, akaing'ata. Jino lilizama. Akang'ata ya Bibi. Ilivunjika kwa mlio.

"Tulikijaribu kifaa hiki kwa kahawa iliyokobolewa tu," Bi Klaudia alisema polepole. "Ganda la juu limekauka, limetudanganya. Tungeiweka ghalani ingeoza yote. Isaac, andika hayo, tuanze kukirekebisha Jumatatu." Akamgeukia Bibi. "Nani alikufundisha, mama?"

Bibi alijibu bila kufikiri. "Mama yangu, Joviana. Kila ninachokijua kuhusu kahawa amenipa yeye. Alikuwa ananifunga macho kwa kanga, nichague kwa sikio."

Isaac aliandika: Joviana. Alistidia aliiona kalamu ikitembea. Bibi alikuwa amewashinda wahandisi kwenye chumba chao wenyewe, na jambo la kwanza alilofanya lilikuwa kumtaja mwingine, mtu aliyefariki zamani, ambaye asingeweza hata kudai. Naye Alistidia alimficha mtu aliyesimama kando yake na kikapu. Alijisikia mdogo sana. Alijua pia kwamba akisema, likizo zote za kituoni zinaweza kuyeyuka leo hii.

"Bi Klaudia," alisema. "Hakuna kitabu. Chumvi ni wazo la Bibi. Mimi nilijaribu mara tano nikashindwa, yeye akaniambia nitie chumvi, tena nikamcheka. Kwenye fomu niliandika hakuna aliyenisaidia. Nilisema uongo. Niliogopa mtaona kengele siyo yangu, mninyime nafasi."

Machozi yalimtoka. Bibi alinyoosha mkono, lakini Bi Klaudia alimzuia kwa upole.

"Mwache amalize mwenyewe, mama. Umemaliza, Alistidia?"

"Ndiyo. Samahani. Samahani, Bibi."

Bi Klaudia alikwenda kabatini, akatoa faili, akaitafuta fomu. Alistidia alitazama mikono yake, akingoja kuambiwa aende nyumbani.

"Karatasi yenye uongo haiwezi kubaki kwenye faili langu," Bi Klaudia alisema. Akaichana mara mbili, akaweka fomu mpya mezani. "Kaa uandike upya."

Alistidia aliandika. Kwenye swali la mwisho aliandika mistari saba, na alipofika mwisho karatasi haikutosha, akaigeuza. Bi Klaudia aliisoma yote amesimama.

"Unajua kwa nini tunauliza nani alikusaidia?" aliuliza. "Si ili tukunyang'anye ushindi. Tunauliza ili tujue ni nani mwingine tumwite. Ungeandika ukweli, mama huyu tungemwita mapema na kifaa chetu kingekuwa kimepona. Nyaya ni zako, saa ni yako, mara tano za kushindwa ni zako. Kumtaja Bibi hakukupunguzii hata punje. Nafasi yako ipo. Ila Jumatatu utasimama mstarini shuleni, uwaeleze wenzako na Mwalimu wako kama ulivyonieleza mimi."

"Nitasimama," Alistidia alisema. Aliogopa, lakini alikuwa mwepesi, kama mtu aliyetua mkungu wa ndizi kichwani.

"Na wewe, mama, nakuomba likizo zikifika uje naye. Uwafundishe vijana wangu kusikiliza."

"Nitakuja," Bibi alisema. "Waambie wasile vitu vinavyopiga kelele asubuhi hiyo. Sikio linataka utulivu."

Kabla hawajaondoka, Isaac alichapa kadi mpya, akaibandika juu ya sanduku la kioo. Kengele ya Mvua. Wagunduzi: Alistidia na bibi yake Vestina, Muleba. Bibi aliigusa kwa kidole, herufi moja baada ya nyingine, na safari hii hakuomba kusomewa. Jina lake alikuwa analifahamu tangu mafundisho ya komunyo.

Walipofika getini alikuwa anatembea kama bibi harusi. Alisimama mbele ya mlinzi.

"Mwanangu, lete lile daftari."

Mlinzi alilifungua. Alistidia alichukua kalamu, akakata maneno "na mlezi wake", kisha akampa Bibi kalamu kwa mikono miwili. Bibi aliinama. Aliandika kwa herufi kubwa, moja moja, na pikipiki mbili zilisubiri geti lifunguliwe mpaka alipomaliza: VESTINA.

"Bibi, umekuja kumwona nani humo ndani?" mlinzi aliuliza, ili ajaze safu iliyobaki.

Bibi alijitwika kikapu chake kitupu. Kahawa yote ilikuwa imetafunwa, na kifuko kimebaki kwa Bi Klaudia.

"Mimi?" alisema. "Nimekuja kuonwa."