Pole ya Msiba kwa Kigiriki

Kila Jumamosi Shifa aliaga nyumbani kwamba anakwenda kwa Bi Despina, Mgiriki aliyekulia Tanga, sasa jirani yao hapo mtaa wa Sanyuanli, nchini China. Bi Despina aliwafundisha watoto wa jengo lile Kigiriki na mila za kwao. Lakini wapi! Shifa alipojua kusalimia na kusema "kala", yaani vizuri, akajiona amehitimu. Masomo yaliyobaki aliyatoroka, akaishia kuzurura madukani.

Mama yake, Mwanakhamis, aliwatafutia wafanyabiashara vitambaa katika soko la Zhongda. Msimu huo wateja waliadimika. Akimkosa mzee Stavros, Mgiriki aliyeletwa na Bi Despina, itabidi wafungashe warudi Unguja.

"Bi Despina miguu inamuuma, hawezi kuja kutafsiri. Utamwelewa mzee kweli?" mama aliuliza.

"Mama nawe! Kigiriki kwangu maji tu."

Dukani, mzee alishika kitambaa cheusi, akasema maneno mengi kwa sauti ya chini. Shifa hakuambulia kitu. Badala ya kukiri, akachekelea meno yote nje.

"Kala! Poli kala!"

Uso wa mzee ukasawijika. Akakiachia kitambaa, akaondoka bila kuaga.

"Kasema nini?" mama akamaka.

"Si... sijui, mama."

Walikimbilia kwa Bi Despina kuuliza, wakamkuta mzee huko, ameinamisha kichwa. Jikoni ngano ilikuwa ikichemka.

"Alikwambia mkewe amefariki," alisema Bi Despina kwa ukali. "Binti zake watavaa nyeusi mwaka mzima. Nawe ukamjibu vizuri sana! Kutoa pole nilifundisha Jumamosi iliyopita. Ulikuwa wapi?"

Mama alimgeukia Shifa.

"Leo ni arobaini ya marehemu," Bi Despina aliendelea. "Sisi huchemsha ngano, tukamwombea."

"Kumbe nanyi mna arobaini!" mama alinong'ona. Machozi yakamlenga.

Shifa alifundishwa neno la pole palepale. Akapiga magoti mbele ya mzee. "Silipitiria," alisema, kisha akamwomba Bi Despina amweleze kwamba alijifanya anaelewa. Mwishowe mzee akamwekea ngano kidogo kiganjani.

Kesho yake mzee alirudi sokoni, akaagiza vitambaa vyake. Lakini hakumtazama Shifa.

"Kazi tumeiokoa," mama alimwambia walipobaki wawili. "Ila siku ya arobaini ya mkewe, mzee wa watu aliambiwa vizuri sana, na hilo hatalisahau. Usipojua, sema hujui, mwanangu. Ungepungukiwa nini?"