Joint ya Ngozi

Kama haujatafuta bado joint, kale kampira ka kuziba maji, ya robinet ya zamani ku Butembo, usimucheke Kavuo. Tangu saa nane alikuwa anazunguka mujini, kichwa ya robinet ya douche yake imefungwa ndani ya karatasi, iko ndani ya sakoshi ya mukono. Kila quincaillerie, kila duka ya vyuma, aliingia. Kila fasi jibu moja.

"Uko na échantillon ya kutuonyesha, mama?"

Anafungua karatasi. Muuzishaji anaangalia ile shaba nzito, anacheka.

"Hii ni ya wakati ya bankoko, ya babu zetu! Joint yake haiko. Tuko na za Chine tu."

Za Chine alishajaribu tatu. Moja ilikuwa kubwa, ingine ndogo, ingine ilipasuka siku ya tatu. Na ile douche ilikuwa inadondosha maji usiku na muchana, mpaka tanki ya ku paa inakauka mbele ya asubui. Éphraïm, bwana yake, mwenye analima cacao kule Oicha, alikuwa anarudi siku ya posho, ili kesho yake, dimanche, waende kanisa pamoja. Safari ya mwisho alioga na kikombe. "Kavuo, nyumba iko na bibi, na maji inapotea bure?" Alisema kwa kutania tu, lakini lile neno lilimuuma. Safari hii Kavuo alitaka bwana akute maji mingi. Alikuwa anamupenda sana ule mwanaume. Tuseme wazi, maana ile njo ilimuponza.

Jua ilikuwa inaingia. Milango ya chuma ilikuwa inafungwa, pa, pa, pa. Ku mwisho ya barabara, kati ya depot mbili zenye zilishafungwa, muzee moja alikuwa ameikala chini, ametandika gunia mbele yake: vichwa ya robinet, misumari, vipande ya bomba.

"Wasibire, mama," alimusalimia kwa Kinande, pole pole.

Hakuomba échantillon. Alinyoosha tu mukono, akapokea ile karatasi mbele Kavuo aseme anatafuta nini. Kulikuwa harufu… Ngozi mbichi. Ngozi yenye haijakauka bado.

"Joint ya ngozi," muzee akasema. "Hii haichoke."

"Ngozi ya ngombe?"

Muzee aliingiza mukono mufukoni. Alitosha kalamu na kikaratasi ya risiti.

"Facture kwa jina ya nani?"

Kavuo alicheka kidogo. "Facture ya joint moja, papa?"

"Jina ya mwenye nyumba."

Na hapa, ndugu zangu, nani kati yetu angenyamaza? Hata ukinunua mufuko moja ya ciment watakuuliza vile vile, na bibi anapana jina ya bwana yake bila kufikiri. Njo heshima.

"Éphraïm."

Muzee akaandika, akamupatia ile facture. Kisha akaingiza mukono chini ya gunia. Kitu kikakatwa… krrr. Akamuwekea joint ndani ya kiganja.

Ilikuwa na joto.

Mathe, jirani yake, ni plombier, fundi ya mabomba. Alikuja na clé yake ya kufungulia bomba mbele hata ya chakula ya mangaribi. Alisogeza ile joint karibu na taa, akaigeuza geuza.

"Hii ni kazi ya zamani kweli! Unajua uzuri ya ngozi, Kavuo? Ikikunywa maji, inavimba. Inajifunga yenyewe." Akaangalia tena, akakunja uso. "Lakini iko na kovu hapa katikati. Kadogo. Kama ya chanjo."

Akaiweka, akakaza. Hata tone moja haikutoka. Kavuo alipiga makofi kama mutoto.

Simu ikalia.

Ilikuwa Kitsa, mudogo ya Éphraïm, mwenye wanalima naye kule Oicha.

"Shemeji, yaya Éphraïm ameanguka! Pumuzi haiko! Tunamukimbiza lopitali, Beni!"

Usiku ile, kule lopitali mashini inamupumulia Éphraïm, Kavuo alipiga magoti mpaka yakavimba. Kulipopambazuka alifunga mizigo yake aende Beni. Alitaka kwanza aoge. Akafungua douche, maji ikatoka na nguvu, na simu ikalia papo hapo.

"Shemeji! Amefungua macho! Anasema!"

"Aksanti Yesu!" Kavuo alilia kwa furaha, simu ku sikio. Akafunga robinet ili asikie vizuri.

"Yaya?" Kitsa alikuwa anaita kule. "Yaya! Docta, docta!"

Mukono ya Kavuo ilikuwa bado ku robinet.

Aliifungua kidogo.

Ku simu, pumuzi moja ndefu… hhhaaa.

Akaifunga.

Kimya.

Akaifungua haraka, mpaka mwisho, machozi inamutoka. Maji ilikuwa inamumwangikia na kitenge chake, na yeye haoni hata baridi.

"Kitsa," alinong'ona. "Angalia mukono yake ya kushoto. Ile kovu ya chanjo."

Ku simu, shuka ikafunuliwa.

"Haiko, shemeji. Iko tu fasi ya duara, laini… Docta anauliza nani alimukata. Lakini kidonda haiko."

Kavuo akamuita Mathe, simu ingali wazi. Mathe hakuamini, alisema ni uchovu, alisema atatosha ile joint dakika moja, watu watulie. Akashika clé, akageuza kidogo tu. Ku simu Éphraïm alipiga kelele vile mutu anachunwa angali muzima.

Clé ilianguka ku sakafu ya ciment.

"Pardon, Kavuo," Mathe akasema, anarudi kinyume nyume. "Mimi ni plombier tu."

Hakurudi kuchukua hata clé yake.

Kavuo aliacha douche wazi, akakimbia. Kati ya zile depot mbili hakukuwa muzee wala gunia. Kulikuwa majani, na ukuta yenye maji maji. Mama moja jina yake Orpa alikuwa anauzisha maharagi ng'ambo ya barabara.

"Hapa? Hapa hakuna mutu anauzisha, mama. Juu ya nini unauliza?"

Kavuo akamuonyesha facture. Orpa hakuigusa.

"Alikuuliza jina?"

"Éé."

"Na ulisema?"

Kavuo aliangalia ile jina ku facture. Orpa akaanza kurudisha maharagi ndani ya mufuko.

"Mimi nilikuwa natafuta kitasa," alinong'ona. "Kitasa ya mulango ya nyumba. Nilipana jina ya bwana yangu."

"Alikufa?"

"Hapana. Yeye iko nyumbani. Miaka tatu sasa ule mulango hatuufunge. Mvua inaingia, wezi wanaingia… Tunauacha wazi, na anaishi." Akamuangalia Kavuo kwa huruma. "Wewe, uache wazi tu. Ya kwako ni nini?"

"Joint," Kavuo akasema. "Ya ngozi."

Orpa akafunga macho.

Njiani ya kurudi, neno ya Mathe ilimurudilia. Ikikunywa maji, inavimba… Inajifunga yenyewe. Alifika anahema. Douche ilikuwa ingali wazi, lakini maji ilikuwa imepungua, nyembamba kama kamba. Ni tanki, alijiambia. Mungu wangu, ikuwe tanki tu! Akapanda ngazi mpaka ku paa, akafunua kifuniko.

Mvua kubwa ya usiku ilikuwa imeijaza, na maji ilikuwa ingali ku shingo.

Akashuka. Akafungua robinet mpaka haiendi tena. Kamba ya maji ikakuwa uzi. Akaikala chini ndani ya douche, simu ku sikio, akamuomba Kitsa amupatie yaya yake.

"Kavuo…" Sauti ya Éphraïm ilikuwa mbali, inatoka kwa shida. "Kesho ni posho. Nilisema nitarudi."

"Utarudi, papa. Pumua tu."

"Ile robinet… ulipata mwenye kuitengeneza?"

Kavuo aliuma midomo yake.

"Nilipata."

"Haidondoshe tena?"

Aliinua macho. Uzi ilikuwa imekatika. Tone moja lilining'inia, likanenepa, likaanguka.

"Kidogo tu," akasema.

"Ah… Njo vizuri, bibi yangu. Njo vizuri."

Tone lingine likaanza kunenepa. Kavuo aliweka kiganja chini yake, akangojea.