Unyayo Ndani ya Bangili

Siku ya maonyesho ya Wahopi, kabila la wenyeji wa asili wa jangwa lile, mjini Flagstaff hupati hata pa kuweka mguu. Mchuzi wa kondoo na mahindi unanukia toka barabarani, watalii wanasukumana na kofia zao, na meza za mapambo ya fedha zimepangwa chini ya mahema mpaka mwisho wa uwanja. Leora alikuwa anapita kati ya meza hizo taratibu, gauni lake la zambarau likimgusa vifundo vya miguu, nywele amezibana nyuma, na mkononi bangili pana ya fedha iliyochorwa mawingu na mvua.

Kazi yake ilikuwa ukarani wa mapokezi kwa daktari wa meno huko Phoenix, lakini roho yake ilikuwa kwenye fedha kuukuu za kwao. Alikusanya bizimu, pete, hata vijiko. Ungempa kipande, angekuambia kama kilifuliwa enzi zile mafundi wa Kihopi walipokuwa bado wanafuata mkono wa majirani zao wa Zuni, au baada ya vita kuu ya pili ya dunia, walipojipatia mtindo wao wenyewe: bamba la juu linakatwa picha kwa msumeno mwembamba kama uzi, kisha linaunganishwa juu ya bamba la chini lililotiwa weusi.

Basi akajisahau akiangalia meza moja. Ukingo wa bangili yake, uliokuwa umebanduka kidogo, ukanasa kwenye kitambaa. Alipovuta mkono, pete na bizimu zote zikamfuata.

"Taratibu, mrembo," alisema fundi nyuma ya meza, akidaka pete kwa mikono miwili. "Ukija kuniibia, anza na moja."

"Nisamehe. Bangili yangu imenasa."

"Haijanasa hiyo. Imekataa kuondoka."

Alikuwa na shati jeupe lililopigwa pasi vizuri na vidole vyenye weusi wa dawa ya kutilia fedha rangi, na alikuwa anacheka. Leora alihisi uso unampata moto. Kando yao mama mmoja mnene aliyekalia kiti cha kukunja akakohoa kwa makusudi.

"We msichana, angalia vizuri. Huyo ni mume wangu."

"Shangazi Idella," fundi akaeleza, "dada yake baba. Ananionea wivu tangu nikiwa kwenye nepi."

"Na sitaacha," alisema shangazi. Kisha akamtazama Leora juu mpaka chini, na macho yake yakaacha utani. "Haya, binti. Ukoo gani?"

Hilo ndilo swali ambalo Leora alilikimbia maisha yake yote. Ukoo unatoka kwa mama. Baba yake, marehemu sasa, alikuwa Mhopi wa ukoo wa Mwanzi, kutoka kijiji cha Hotevilla, lakini mama yake Ofelia alikuwa Mmeksiko wa kusini mwa Phoenix. Leora hakuwa na ukoo. Hakuwa na nyumba kule juu, kwenye vijiji vya Wahopi, ambayo angeingia bila kubisha hodi. Aliwatazama wale wawili, akaogopa, na hofu ikamsemea.

"Mama alifariki nikiwa mchanga," alisema. "Ukoo wake sikuambiwa. Kilichobaki ni hii bangili tu, aliniachia mama mkubwa."

Mama mkubwa hakuwepo. Bangili aliinunua mwenyewe kwa mfanyabiashara mmoja mjini Winslow, ambaye aliipunguza bei kwa kuwa haina alama ya fundi. Na Ofelia wakati ule alikuwa hai jikoni kwake, anageuza chapati za mahindi. Leora alikuwa amemzika kwa mdomo mbele ya watu asiowajua. Kabla shangazi hajauliza la pili, mvua ya Julai ikashuka, kila mtu akakimbilia kufunika fedha yake, na fundi akamtupia Leora ncha ya turubai.

"Shika hapo, mwizi. Naitwa Delwyn."

Mapenzi yao yalikuwa ya mjini, ya treni na simu. Delwyn alikuwa na karakana ndogo Flagstaff karibu na reli, na wikiendi Leora alipopanda kutoka Phoenix walikula supu ya pilipili kwenye mgahawa wa jirani, huku treni za mizigo zikiwakatiza kila wakitaka kusema neno la maana.

"Nilikuwa nasema," Delwyn angeanza upya treni ikishapita.

"Ulikuwa unasema nini, mpenzi?"

"Treni imeondoka nalo. Nipe mkono nikumbuke."

Leora alicheka sana miezi ile. Alimpenda, na aliogopa. Kadiri alivyompenda ndivyo uwongo ule ulivyozidi kunenepa. Mara kadhaa alifungua mdomo aseme, akaona uso wa shangazi Idella, akaufunga.

Oktoba Delwyn alimwomba bangili akaitengeneze. "Nakwenda nyumbani Shungopavi kusaidia mavuno. Ule ukingo utakuja kukukata."

Leora akaivua. Baada ya hapo simu ikanyamaza. Alipiga, haikupokelewa. Aliandika, hakujibiwa. Kazini aliandikia wagonjwa miadi ya siku ambazo hazipo, na kila simu ya mapokezi ilipolia moyo ulimruka. Kuna mtu amemwambia, aliwaza. Kuna mtu wa Hotevilla aliyemjua baba yangu. Hatimaye, siku moja mchana, jina la Delwyn likatokea.

"Leora." Sauti yake ilikuwa imekauka. "Nina swali moja. Bangili hii ni ya mama yako mkubwa kweli? Dada yake mama, tumbo moja? Una hakika?"

Hapo ndipo mlango ulipokuwa wazi, na angeweza kupita. Lakini alisikia mtego, akajilinda kwa kile kile kilichomtia hatiani.

"Nina hakika, mpenzi. Kwa nini?"

Upepo wa kule juu ulikuwa unapiga kwenye simu.

"Usiniite mpenzi," alisema Delwyn kwa upole uliomtisha kuliko ukali. "Wala usinipigie tena. Nakuomba."

Jioni hiyo Leora alikwenda kwa mama yake, akalilia mapajani pake, akamweleza kila kitu, pamoja na lile la kumzika. Ofelia aliacha kumpapasa nywele.

"Nilikufa kwa ugonjwa gani?" aliuliza.

"Mama, naomba."

"Nataka kujua tu. Watu wataniuliza." Akajifuta macho kwa ncha ya aproni. "Sasa sikiliza. Utakwenda kunifufua. Mimi siwezi kukaa kaburini kwa sababu ya mwanamume ambaye hata sijamlisha."

Leora alikumbuka jambo moja alilosimuliwa na baba yake: msichana wa Kihopi akimtaka kijana, yeye ndiye anayekwenda. Anabeba sinia la unga wa mahindi mpaka kwa mama yake kijana. Unga ukiingizwa ndani, amepokewa. Ukiachwa mlangoni, anaubeba kurudi nao, na kijiji kizima kinamwona. Jumamosi akanunua unga wa mahindi ya bluu, akaujaza kwenye sinia la mama yake, akaufunika kwa kitambaa cheupe na kuwasha gari.

Njia ya kwenda Shungopavi ni jangwa tupu, na alikuwa na muda mrefu wa kuogopa. Gari lilipoanza kupanda mlima wa mawe alifikiria kugeuza, akakuta hapana pa kugeuzia.

Alipita kijijini na sinia lake, macho ameyatupa chini. Mapazia yalisogea. Kwenye baraza ya nyumba ya mawe alimkuta shangazi Idella anamenya mahindi pamoja na mama mwembamba mwenye miwani, na moja kwa moja akajua huyo ni Mama Treva, mama yake Delwyn, kwa sababu kicheko cha Delwyn kilikuwa kimelala kwenye pembe za mdomo wake.

"Anakuja kumchukua mume wangu mchana kweupe," alisema shangazi, lakini alisema kwa wasiwasi.

Delwyn akatoka ndani. Alikuwa amekonda. Alipoliona sinia, akarudi nyuma hatua moja, ameshika ukuta.

"Leora, hapana. Liondoe hilo. Hujui unalofanya."

"Najua. Ngoja niseme, halafu mnifukuze." Alilikumbatia sinia. "Niliwadanganya. Mama mkubwa sina. Mama yangu hajafa, anaitwa Ofelia, ni Mmeksiko, yuko Phoenix. Bangili niliinunua dukani Winslow. Mimi sina ukoo wowote, Mama. Niliogopa mkijua hamtanitazama."

Delwyn alikuwa amefumba macho. Kisha akateleza na ukuta mpaka akakaa chini, akaanza kucheka na kulia kwa pamoja.

"Huna ukoo," alisema. "Rudia tena."

"Unanicheka?"

Delwyn akatia mkono mfukoni na kutoa bangili. "Niliposugua ndani, chini ya weusi, alama ikatokea. Tazama. Unyayo wa nyegere."

Leora alitazama. Unyayo mdogo, kucha ndefu. Ukoo wa Nyegere, ukoo wa Delwyn.

"Ni kazi ya marehemu mjomba Harlan," Delwyn aliendelea. "Yeye ndiye aliyenifundisha, mkono wake naujua hata gizani. Bangili hakuuza hata moja. Alimfulia kila mwanamke wa nyumba yetu yake. Nikasema kama mama yako mkubwa alikuwa nayo, basi wewe ni wa nyumba hii. Wewe ni dada yangu. Nimekuwa nikimbusu dada yangu." Akajifuta uso kwa kiganja. "Sikumwambia mtu. Nilidhani nitaugua."

Mama Treva alinyoosha mkono, akaichukua bangili, akaivaa, ikakaa kana kwamba haijawahi kutoka.

"Ni yangu," alisema. "Niliiuza Winslow mwaka ule ulipolazwa hospitali, Delwyn. Kaka yangu nilimwambia imetumbukia kisimani. Alikwenda akachungulia kisima mpaka giza likaingia, maskini, na mimi nikamwacha achungulie."

Shangazi Idella aliweka hindi chini.

"Umemzika mama yako, binti," Mama Treva akasema, na Leora akainamisha kichwa. "Utamleta hapa nimwone akipumua. Na watoto wenu hawatakuwa na ukoo. Hilo unalijua? Litawauma, na mimi litaniuma."

"Najua, Mama. Ndilo ninaloliogopa."

"Vizuri. Hata mimi naogopa."

Akafunua kitambaa. Alichota unga kidogo, akausugua kati ya vidole. Mama Treva akakunja uso.

"Huu umesagwa kwa mashine."

"Ndiyo, Mama," Leora alinong'ona.

Mama Treva akalichukua sinia mikononi mwake, akausukuma mlango kwa bega.

"Basi ingia," alisema. "Jiwe la kusagia liko chumba cha nyuma."